Eti mama mdogo si familia

Leo mashine ya ofisini imeniita mwongo, na maiti bado iko mochari.

Mama mdogo amefariki huko Wusi. Ndiye alinilea.
Nikaomba ruhusa ya kwenda kuzika kwa hiyo AI mpya ya HR.
Ikanijibu mama mdogo si familia ya karibu.

Kwenu pia ni hivyo? Niambieni tu.

Nikaenda kwa Rose wa HR.
Akaninong'oneza, "Andika ni mama, itakubali."
Nikaandika.
Ikajibu kwenye rekodi mama yangu alishafariki zamani, kwa hivyo nimedanganya na nipewe onyo.

Na onyo nimeletewa na nani? Rose huyo huyo. Eti sistimu ndiyo imeamua, yeye hana uwezo.

Kesho naenda kumzika mama. Wakitaka wanifute kazi.
Ila Rose nisimwone matangani.