Bega la Kulia

Nilikuwa kidato cha pili, na mtaani Shauri Moyo nilijiita daktari kwa sababu niliweza kutaja mifupa yote ya mguu bila kupumua. Shule yetu ilikuwa inajiandaa kwa mashindano ya sayansi ya wanafunzi, na mshindi angepelekwa fainali Mombasa. Sikuwa nimewahi kuona bahari. Niliitaka ile safari kuliko sayansi yenyewe, na kabla sijapata mfupa hata mmoja nilikuwa nimeshaazima sanduku la mama jirani na kumwahidi chupa ya maji ya chumvi.

Nilipanga kuunga mifupa ya mbuzi mzima. Mbuzi akapatikana, kwani wakwe walikuja kumposa dada yangu. Mjomba alipokuwa akimchuna uani nilisimama kando yake, nikimsihi akate kwenye viungo, asipasue mifupa.

"Wewe daktari, toa hiyo mdomo kwa kisu yangu," akaniambia.

Wageni walipoanza kula, nilikaa mlangoni na karai, nikiwapokonya mifupa kabla hawajamaliza kuinyonya. Aibu sikuwa nayo.

Ila bega la kulia walifungiwa wakwe kwenye gazeti, kama heshima inavyotaka, likaondoka nao. Nikaenda kwa mwenye bucha, akanipa bega lingine. Kitabu chetu kilichora mnyama upande mmoja tu, na mimi daktari sikujua kwamba bega lina kushoto na kulia. Lilipokataa kukaa, nikalilazimisha kwa waya.

Siku ya mashindano mwamuzi, mzee wa miwani, alimzunguka mbuzi wangu polepole.

"Huyu ana mabega mawili ya kushoto, binti. La kulia liko wapi?"

"Lilienda na wakwe, mwalimu."

Alicheka mpaka akavua miwani. "Basi hilo halirudi," akasema, akampa ushindi msichana aliyeleta sungura.

Nilirudisha sanduku nikiwa nimenuna. Niliwalaumu wakwe, mwenye bucha na sungura.

Wiki iliyofuata shemeji alikuja na kifurushi cha gazeti. Mama yake alikuwa amesikia habari, akautafuta ule mfupa mpaka akaupata kwa mbwa wao. Ulikuwa umegugunwa pembeni, lakini umeoshwa vizuri. Nikauweka kwenye mbuzi wangu, ukakaa bila waya. Siku ya mashindano sikulia. Nililia siku hiyo, mbele ya shemeji, naye akadhani ni furaha.