Dakika ya Kimya Niliyoikata

Nilimchukia mzee yule kabla sijamwona. Nyanya yangu alikufa mkono wake wa kushoto ukiwa haupandi kupita bega, na nyumbani kwetu kila mtu alimjua aliyeuvunja: homgadi mmoja wa Dagoretti, askari kibaraka wa Mkoloni aliyewasimamia wanawake wakichimba handaki wakati wa Hali ya Hatari, miaka ya hamsini. Nilipoanza kutengeneza filamu ya kumbukumbu za miaka hiyo sikuwa nikitafuta historia, tusidanganyane. Nilikuwa nikimtafuta yeye.

Alitupokea vizuri, kwa chai ya maziwa na mkate uliopakwa siagi. Sikumwambia mimi ni mjukuu wa nani. Mbele ya kamera alijigamba saa nzima: aliwalinda akina mama, hakumgusa mtu. Nami nilitikisa kichwa na kumwita Guka, yaani babu, kwa sauti tamu, huku nikimchimbia kaburi.

Mahojiano yakiisha huwa tunakaa kimya dakika moja ili fundi wa sauti arekodi chumba chenyewe kinavyosikika. Hutufaa wakati wa kuhariri. Tukamwomba anyamaze. Akanyamaza kidogo akiangalia mikono yake, kisha akasema:

"Kuna mama mmoja nilichapa mpaka mkono ikavunjika. Alikuwa na mtoto mgongoni. Mimi huota huyo mama mpaka leo. Kama ako na watu, waambie ni mimi."

Kamera ilikuwa bado inarekodi.

Wiki mbili nilikaa kwenye chumba cha kuhariri huko Parklands nikiirudia dakika hiyo. Ndiyo niliyoitaka maisha yangu yote, nayo ilinikera kupita kiasi. Nikiiweka, watu watamhurumia. Watamwona mzee anayeumia, na nyanya yangu atabaki kuwa sababu ya huzuni yake tu. Nikaikata. Nikabakiza majigambo, na baada yake nikaweka picha niliyompiga nyanya kwa simu, akianika shuka kwa mkono mmoja, huku sauti yangu ikieleza ni nani aliyeuvunja ule wa pili.

Siku ya maonyesho, katika ukumbi mmoja katikati ya jiji, nilimkalisha mstari wa mbele kando ya binti yake. Filamu ilipoisha watu walianza kumnyooshea vidole. Akainuka kwa shida, akaegemea mkongojo.

"Lakini mimi nilisema," akaniambia. "Hiyo siku mlisema tunyamaze. Nilikuambia ni mimi. Mbona sijaona hapo?"

Ukumbi mzima ukanigeukia. Binti yake, mama mtu mzima mwenye mvi, akaniuliza polepole, "Kwani alisema?"

Ningeweza kuifungua kompyuta yangu na kuwaonyesha dakika ile papo hapo. Ilikuwa miguuni pangu.

"Hapana," nikasema. "Hakusema."

Wakamzomea mpaka akakaa. Binti yake akasogeza kiti chake mbali kidogo na cha baba yake, nami nikafurahi.