Sombe ya Tangawizi kwenye Lango la Kasho

Mimi ni mtu wa hasira, nisikufiche. Jirani zangu wa Mikelenge waliponiambia nimpikie mgeni wa siasa, nilitaka kuwafukuza kwa mwiko. Mgeni mwenyewe alikuwa mkuu wa polisi hapa Kindu wakati wa vita, na sasa anataka tumpeleke bungeni Kinshasa. Kisha nikafikiri: akila kwangu, ataona haya kutonijibu swali langu moja: mume wangu yuko wapi?

Polisi wake walimkamata kwa kilo moja ya chumvi. Walisema anawapelekea watu wa porini. Mji ulikuwa umezingirwa, njia ya Kailo imefungwa, watu wanakula mizizi. Kasho, mahabusu ya polisi, haikulisha mtu. Kila mke alipeleka chakula langoni, akamkabidhi mlinzi, akangoja bakuli. Sisi wanawake wa langoni tulikuwa na sheria yetu. Bakuli likirudi limejaa, mtu wako hayupo tena, anza kulia. Likirudi tupu, mshukuru Mungu, kesho rudi.

La kwangu lilirudi tupu kila siku. Limekombwa! Nilimpikia sombe ya tangawizi, majani ya muhogo alivyoyapenda yeye. Wenzangu walinicheka, eti nani anatia tangawizi katika sombe? Wanangu walilala na maji ya moto tumboni. Niliwaambia, "Vumilieni, baba anakula." Wallahi, niliwaambia hivyo.

Mwishowe askari walikimbia, kasho ikafunguliwa. Hakuwamo. Shehe alinishauri nikae eda. Nikamjibu vibaya, Mungu anisamehe: eda ya nini, na bakuli la jana limerudi tupu? Mtu anayekula hajafa. Wamemchukua tu, atarudi. Miaka zaidi ya ishirini nimeishi kwa bakuli lile.

Basi mheshimiwa akaja na vikwembe, vitenge vyenye sura yake, akina mama wakimwimbia. Akaketi barazani kwangu, mnene, mpole kweli. Nikamwekea bugali na sombe. Swali langu lilikuwa tayari mdomoni. Akaonja, akasimamisha mkono, akacheka.

"Mama! Hii sombe naijua! Iko na tangawizi. Njo ile walikuwa wananiletea ku biro, wakati ya vita."

"Mara ngapi, mukubwa?"

"Kila siku, saa sita. Haikukosa hata siku moja. Kumbe njo wewe ulikuwa unapika! Aksanti sana, mama."

"Na mwenye chakula?"

"Mwenye?"

"Bwana yangu. Alikuwa mu kasho yako. Ule wa chumvi."

Hakunitazama tena. Akanawa mikono, akajifuta polepole, kidole kwa kidole. "Vita ilikuwa vita, mama. Sasa tujenge inchi." Akaniwekea kikwembe magotini, akaondoka na waimbaji wake.

Ya Rabi, nilimlisha nani mimi? Niliwanyima wanangu, nikamnenepesha yule. Na mume wangu labda alikufa siku ya kwanza, labda ya kumi, kwa njaa, akinusa sombe yake ikipita kwenda ofisini. Nililia kwa sauti mpaka jirani wakarudi.

Jioni ile nikaingia ndani, nikaanza eda. Nimehesabu kuanzia siku ile, kwa sababu siku yake ya kweli hakuna aliyenipa.