Bi Harusi wa Pazia

Mitumba iliporuhusiwa, mama yangu alianza kuiuza sokoni, na ile isiyonunulika ilirudi nyumbani kwetu Makole. Ndiyo yakawa mavazi yetu ya michezo ya kujipikilisha. Siku moja belo lilitoa pazia jeupe la lesi. Wenzangu wakaamua tucheze harusi, na bi harusi niwe mimi, kwa kuwa pazia ni la kwetu.

Jamani, nilichukia! Bi harusi wa kwetu hacheki. Anakaa mkekani kainamisha uso, kanuna kama kafiwa, huku wenzake wanakula na kucheza. Mimi nilitaka debe. Kupiga nilikuwa najua, nasema bila haya. Lakini kila nikiinuka, binti wa jirani ananikalisha: "Tulia! Ukicheka tena hatuchezi na wewe." Nikacheka tena, ningefanyaje? Wakanitoa mchezoni, na pazia wakabaki nalo. Nililia kwa hasira.

Bibi yangu, mzaa mama, alikuwa barazani anachagua mchele. Mtaa mzima ulimjua: yeye ndiye aliyewafunda mabinti kabla ya kuolewa, na jambo la kwanza alilofundisha ni kuinamisha uso. Alipoinuka kuja kwetu, nikajua leo nimepatikana.

"Shikamoo bibi," wakamwamkia wote kwa pamoja, waoga wakubwa wale.

"Marahaba. Nipeni hilo pazia."

Akajitanda, akakaa mkekani, akainama mpaka tukadhani analia kweli. Kisha sauti ikatoka humo ndani: "Haya, bi harusi mmepata. Mjukuu wangu mpeni debe lake."

Wee! Nilipiga debe lile mpaka majirani wakatoka nje, na binti wa jirani mwenyewe akacheza.

Miaka ikapita, ikafika harusi yangu ya kweli. Mashangazi wakanibana: "Inamisha uso, unatuaibisha!" Nilijitahidi, wallahi, lakini furaha ilikuwa imenijaa mpaka kooni. Bibi, mzee sasa, alikuwa kaketi ubavuni mwangu. Akanivua mtandio taratibu, akajitanda yeye.

"Cheka, mwanangu," akasema. "Huku nakushikia mimi."

Mungu amrehemu, namshukuru mpaka leo. Picha ninayo ukutani. Mimi meno yote nje, na pembeni yangu bibi kainamisha uso, kanuna vizuri kuliko bi harusi yeyote aliyewahi kumfunda.