Kilio cha Recheli na Mtambo wa Igalula

Mtambo wa maji wa Igalula ni mzee kuliko wote wanaoutukana. Umebaki jirani na stesheni tangu enzi za garimoshi: tangi la chuma, mabomba ya shaba, na mshale unaotetemeka nyuma ya kioo. Kuni huupa mvuke, lakini kuni peke yake hazipandishi maji hata kikombe. Lazima mtunzaji aweke kiganja kwenye bamba la shaba akiwa na la moyoni, furaha au uchungu. Mtambo hulinyonya, maji yakapanda. Alichokihisi hakirudi tena. Nao hautambui kiganja kingine mpaka mtunzaji afe.

Recheli ndiye mtunzaji, na ameunywesha mengi. Hata furaha ya harusi yake iliishia humo, maana mwaka ule ukame ulikuwa mkali. Kwa hiyo mumewe, Amon, alipofariki, Recheli aliapa kwamba kilio hiki hatakigawa. Kitakuwa cha Amon.

Tatizo, kilio chenyewe hakikuja. Kwaya ya Moravian iliimba, jeneza likashuka, naye akasimama na macho makavu. Alipika, alifagia, aliitikia shikamoo za watoto. Ndani hamkuwa na kitu. Visima navyo vilikuwa vimekauka. Wanawake wakawa wanachochea moto wa mtambo na kupanga ndoo, wakimtazama. Subira huvuta heri, wanasema. Labda kwa wenye maji.

Siku ya kuondoa matanga akaja Mathias, Mgogo, mtani wa ukoo wa Amon tangu misafara ya mababu. Mtani msibani hana adabu, na hakuna wa kumkemea. Akavaa koti la Amon, akabeba kiti cha Amon hadi penye mtambo, akakohoa kikohozi cha marehemu kile kile.

"Mama Advera," akaita kwa sauti ya marehemu, "maji yangu ya kuoga yako wapi? Au siku hizi umeolewa na hili lichuma?"

Watu wakacheka. Recheli akajibu bila kufikiri, kama alivyojibu kila jioni: "Subiri, baba Advera, nakupashia."

Ndipo akakumbuka kwamba hakuna wa kumpashia. Kitu kizito, cha moto, kikampanda kutoka tumboni. Kilio kimekuja. Aliumia, na alifurahi kuumia.

Mbele ya foleni alisimama Pelagia, jirani yake, na ndoo tupu. Kichanga mgongoni kilikuwa na midomo iliyopasuka. Pelagia alitazama chini.

Recheli akaweka kiganja kwenye bamba.

Mshale ukaruka, maji yakafoka, ndoo zikagongana, vigelegele vikapaa. Mathias akalivua koti, akamkabidhi kwa mikono miwili.

"Pole, mama," akasema, safari hii kwa sauti yake.

Recheli alinusa ukosi wa koti. Ilikuwa harufu ya Amon, tumbaku na sabuni. Aliijua, basi; haikumuuma. Akalitundika koti msumarini, akaenda kuongeza kuni.