Jioni Maharage Yaliporudi Ndani ya Maganda

Harufu ya maganda makavu ya maharage hunirudisha kijijini Bonga, kwenye uwanja ambapo baba alipura mavuno kwa fimbo, vumbi likimpanda hadi kwenye nyusi. Msimu mmoja alikuja mgeni mwenye mashine ya kupigia sinema, mtu mpole aliyependa kuvitazama vitu vya kawaida kwa namna isiyo ya kawaida. Alimpiga baba picha akipura, akaahidi kurudi kutuonyesha. Aliporudi, baba alikuwa amekwisha kuzikwa, nami nilikuwa bado ninamtolea kigoda chake nje kila jioni.

Mgeni alitundika shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala, nasi tukaketi chini. Baba akatokea, mrefu kama mlango, akapura kama tulivyomzoea. Kisha mgeni, bila kutuonya, akaiendesha picha kinyumenyume. Vumbi likashuka, likaingia ardhini. Maharage yaliyotawanyika yakaruka punje kwa punje, yakarudi ndani ya maganda, na maganda yakajifunga. Baba akaweka fimbo begani, akaondoka kinyumenyume kuelekea nyumbani. Nami niliwaza kwa akili ya mtoto: ikiwa maharage yameweza kurudi ndani ya ganda, baba atashindwaje kurudi? Nikainuka, nikasogea hadi kwenye shuka, nikainamisha kichwa. "Shikamoo, baba."

Jirani yetu, Mama Paulo, akasema nyuma yangu, "Mwambie ageuke kwanza, atajikwaa," na watu wakacheka. Mimi nilisubiri aniitikie. Mama akaja, akanishika mkono. "Baba yako hakuiacha shikamoo yako bila kuiitikia hata siku moja," akasema. "Huyu ni mwanga tu." Tangu jioni ile sikukitoa tena kile kigoda.

Mimi sikusoma. Maneno haya anayaandika mjukuu wangu Neema, ambaye hubeba sinema nzima mfukoni na kuirudisha nyuma kwa kidole huku akitafuna karanga. Kwa hilo humkemea, kwa maana kitu kinachogeuza wakati hakitazamwi mdomo ukiwa umejaa. Juzi, hapa Singe, alitaka kunipiga sinema kwa simu yake nikichambua maharage. Nilimwamuru asubiri nifunge kitenge vizuri. Simu ilipoanza kunasa, nikaitazama, na kabla ya neno jingine lolote nikasema, "Marahaba." Akauliza ninamwitikia nani, ilhali hakuna aliyenisalimu.

"Wewe," nikamwambia. "Utanisalimu baadaye, nitakapokuwa mwanga tu."