Kuzima Seva Mtu Bado Anaongea

Kazini walimwita Dada Polepole, naye aliitika bila kinyongo. Alikuwa mwanamke wa makamo, mnene kiasi, mcheshi, na kazi yake ilikuwa kutunza seva ya ofisi ya kutafuta ndugu waliopotezana. Kila mtu aliyefika pale kusema "namtafuta kaka yangu" au "namtafuta mwanangu," maneno yake yaliandikwa kwenye kompyuta za ghorofani, na kutoka huko yalishuka hadi kwenye hifadhidata iliyokuwa ndani ya mashine moja, katika chumba cha chini kilichowahi kuwa stoo ya viti vibovu.

Chumba kile kilikuwa na baridi kwa ajili ya mashine, si kwa ajili ya watu. Dada Polepole alikaa humo kutwa nzima na sweta la kijani lililotoboka kiwiko, huku wenzake wa juu wakijipepea kwa mafaili. Asubuhi aliisalimia seva kabla hajaketi. "Umeamkaje, mwali?" angeiuliza, kisha angefungua lile dirisha jeusi la kuandikia amri na kusoma mashine ilivyolala. Hakuwa na haraka na chochote. Nyumbani kwake mume wake, fundi cherehani, alikuwa akimtania mbele ya wageni: "Huyu hata taa huipigia hodi kabla hajaizima." Ni kweli. Hakuzima taa ya sebuleni bila kuuliza kama kuna mtu anasoma, hata pale alipojiona yuko peke yake.

Tabia hiyo aliipata kazini. Aliyemtangulia katika chumba kile alikuwa mtu wa kuchomoa waya. Mashine ikimsumbua, anachomoa. Umeme ukiyumba, anachomoa. Dada Polepole alipoingia kazini alikuta watu ghorofani wakilia: baba aliyemtafuta binti yake jina lake lipo, la binti halipo, mama aliyeandikisha watoto mapacha kabakiwa na mmoja. Aliwapigia simu mmoja mmoja kuwaomba waje waseme upya. Wengine walikuja. Wengine walimwambia hawana nguvu ya kuyasema tena. Tangu hapo hakumruhusu mtu yeyote aguse swichi ya mashine ile.

Mchana mmoja umeme ukakatika. Lilikuwa jambo la kawaida. Jenereta ya uani ingenguruma na kazi ingeendelea. Siku ile ilikohoa mara kadhaa, ikatema moshi, ikanyamaza. Mlinzi akaipiga teke la upendo. Kimya. Ndani ya chumba cha chini, betri kubwa iliyokuwa chini ya meza ikaanza kulia: ti... ti... ti... Ilikuwa ikisema imeubeba mzigo wa seva na mtandao peke yake na haitaubeba kwa muda mrefu.

Dada Polepole akavuta kiti, akafungua dirisha jeusi, na kabla ya amri yoyote akauliza nani bado yumo. Kompyuta nyingi za juu zilikuwa zimezimika na umeme, kwa hiyo orodha ilikuwa fupi. Kulikuwa na mtu mmoja tu: karani wa chumba cha familia, ambaye alitumia kompyuta ya mapajani yenye betri yake. Alikuwa ameandika maelezo ya mtu na hajayahifadhi.

Mkuu wa ofisi akatokea mlangoni akipangusa jasho. Alikuwa mtu mwema, mwenye sauti nene.

"Dada, tumekwama. Fundi wa jenereta yuko mbali. Izime tu kabla betri haijatuaibisha."

"Nitaizima, bosi. Ila kuna mtu bado anaandika huko juu."

"Haiwezi kuzimwa na yeye akiwamo?"

"Inaweza." Akageuza kiti. "Nikiilazimisha, itamtoa yule karani kwa adabu, ijifunge salama. Yaliyokwisha kuhifadhiwa hayataguswa. Ila hicho anachoandika sasa kitafutika kama hakijawahi kusemwa. Nikisubiri amalize, hakitapotea kitu. Na tukikaa hivi hadi betri ife, basi itaanguka kama mtu aliyekatwa miguu, na kuinuka kwake hatukujui."

Mkuu akaitazama betri, akamtazama yeye. "Mpigie."

Simu ya mezani ilikuwa imekufa na umeme. Ya mkononi iliita bila kupokelewa, maana makarani wa chumba kile walizinyamazisha simu zao wanapomsikiliza mtu.

"Niache nipande," Dada Polepole akasema. "Wewe baki hapa na betri. Mlio ukibadilika, niite kwa nguvu zako zote."

"Nguvu za kuita ninazo," mkuu akasema, akaketi kwenye kiti chake kama mtu aliyeachiwa mtoto mchanga.

Katika chumba cha familia dirisha lilikuwa wazi. Karani, kijana mwembamba mwenye sauti ya chini, aliinamia kompyuta. Mbele yake ameketi bibi mmoja aliyejifunga kitambaa kichwani, mkoba mapajani, mikono yote miwili juu ya mkoba. Alikuwa akisema: "...na hakulala bila kushika sikio langu. Hata kama ana usingizi vipi, mpaka alishike sikio. Siku ile ya mafuriko nilimpandisha mimi kwenye lori. Nikarudi kumchukua mama. Lori likaondoka."

Dada Polepole akasimama mlangoni, akangoja ashushe pumzi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu." Kisha bibi akashtuka. "Mnafunga?"

"Hatufungi. Umeme umekatika, nataka kuilaza mashine vizuri."

"Na maneno yangu?"

"Hayo ndiyo yaliyonipandisha ngazi." Akamgeukia karani. "Mdogo wangu, mbona hujahifadhi?"

Karani alionekana mwenye aibu. "Imekataa, dada. Inataka mwaka wa kuzaliwa wa mdogo wake, na mama haukumbuki. Nilitaka tuutafute pamoja, kwa kuhesabu mavuno."

"Sasa hivi hatuna nafasi ya mavuno. Chagua 'haijulikani,' uhifadhi, tutarekebisha baadaye."

Bibi alisikia. Uso wake ukabadilika, mikono ikaushika mkoba kwa nguvu. "Mnamwandika hajulikani? Mimi namjua! Nimekaa hapa tangu asubuhi namweleza, namjua hadi kovu la goti."

Kutoka chini ilisikika sauti ya betri, hafifu, kama mdudu ukutani. Dada Polepole angeweza kusema "mama, tafadhali, hatuna muda," na pengine mtu mwingine angesema hivyo. Yeye alivuta kiti, akaketi karibu na yule bibi hadi magoti yao yakagusana.

"Usiojulikana ni mwaka, mama. Mwaka peke yake. Yeye anajulikana. Goti limeandikwa, sikio limeandikwa, lori limeandikwa. Na majina ya baba na mama yenu yameandikwa. Sivyo, mdogo wangu?"

"Yote, dada."

Bibi akamtazama usoni kwa muda, kama anayempima mtu kabla ya kumkabidhi mzigo. "Basi andika," akasema. "Mwaka tu."

Karani akabonyeza. Duara dogo likazunguka kwenye skrini, likazunguka tena, kisha maandishi ya kijani yakatokea: imehifadhiwa. Na hapo hapo sauti nene ikapanda ngazi kwa kishindo:

"Dada! Inalia haraka haraka! Dada!"

Dada Polepole akakimbia. Watu wa korido waliomwona siku ile wanalisimulia jambo hilo hadi leo. Alizishuka ngazi ameshika sweta kwa mkono mmoja na ukuta kwa mwingine, huku nyuma yake bibi akiita, "Polepole, mwanangu, utaanguka!" na makarani wakicheka kwa woga.

Mkuu alimwachia kiti, akamulika kibodi kwa simu yake. Dada Polepole akauliza tena nani yumo. Hakuna. Akaandika amri ya kuisimamisha hifadhidata, ile ya upole. Mashine ikafikiri kidogo, ikahifadhi yote iliyokuwa imeyashika kichwani, ikajibu kwamba imesimama. Hakuliamini jibu lile moja. Akafungua kumbukumbu za mashine, akasoma mstari wa mwisho kwa sauti ya chini: imefungwa salama. Akatazama kama kuna kazi yoyote ya hifadhidata iliyobaki ikitembea gizani. Haikuwapo. Hapo ndipo alipoiandikia mashine yenyewe amri ya kulala. Feni zikapunguza mwendo, zikavuma kama mtu anayeguna usingizini, zikanyamaza. Taa ndogo ya mbele ikazimika. Mwisho kabisa akaizima betri, na ule mlio ukakoma.

"Tunaweza kupumua?" mkuu akanong'ona.

"Pumua, bosi."

Wakacheka wote wawili, kisha mkuu akatoka kwenda kugombana na jenereta. Dada Polepole alichukua chupa yake ya chai akapanda tena. Bibi alikuwa bado ameketi pale pale. Wakanywa kwa kupokezana vikombe, na bibi akaendelea kumsimulia habari za mdogo wake, zile zisizo na nafasi kwenye fomu yoyote: alivyoogopa kuku, alivyokula udongo kwa siri nyuma ya nyumba. Kompyuta zote zilikuwa zimelala. Dada Polepole alisikiliza tu.

Kesho yake umeme ulirudi. Dada Polepole alipofika kazini, bibi alikuwa ameshafika, amesimama langoni na mlinzi. "Nimekuja kuona," akasema. Dada Polepole akamshusha chini, akamvika sweta lake, akaiwasha mashine kwa utaratibu ule ule, hatua kwa hatua, kisha akaifungua ile taarifa. Bibi hakuwa na miwani, kwa hiyo alisomewa yote, na kila mstari aliuitikia kwa kichwa. Walipofika kwenye mwaka akatabasamu. Alitazama ule mkebe wa chuma uliokuwa na taa ndogo, akaupapasa kwa kiganja.

"Asante kwa kunitunzia," akaiambia mashine. Dada Polepole akatazama pembeni, akajifanya anatafuta kalamu.

Kazi ya kulinganisha majina ilichukua muda, kama kawaida yake. Mvua zilikuja zikaisha. Kisha ofisi ya mji mwingine ikaingiza maelezo ya mwanamke aliyekulia kwa wasamaria, aliyeyakumbuka majina ya wazazi wake na machache mengine. Majina ya baba na mama yakalingana, na kijiji pia, na bibi akaitwa ofisini azungumze naye kwa simu. Karani akaenda kumwita Dada Polepole aje asikilize, kwa kuwa peke yake aliogopa kulia mbele ya mteja.

Simu iliwekwa mezani kwa sauti ya juu. Bibi aliikodolea macho kama itatoa mtu. Halafu sauti ya kike, iliyokwaruza kwa umri, ikauliza, "Dada? Ni wewe?"

"Umekula?" bibi akajibu.

Upande wa pili kilio na kicheko vilitoka kwa pamoja. Waliongea wakikatizana, wakarudi nyuma, wakasahau wanachosema, wakaanza upya. Halafu ikaja habari ya safari, na hapo ugomvi ukazuka. Mdogo alisema yeye ndiye atakayesafiri, dada asijichoshe. Bibi alisema hapana. Mdogo akasema miguu yake bado ina nguvu. Bibi akasimama, akajifunga kitambaa vizuri kichwani, akaweka mkoba begani, na kuinamia simu.

"Wewe usinibishie. Mimi ndiye mkubwa. Kaa hapo hapo, nakuja."